Jinsi ya kutengeneza chati ya kinyozi ambayo vichwa vyote ni vyako, na radio yake na TV yake

Ingia kinyozi yoyote hapa Kisumu, Kondele ama Manyatta, hata kule Nakuru upande wa Section 58 ama Kakamega karibu na Lurambi, utapata ile chati ya vichwa ukutani. Vichwa vimepangwa kwa safu na kila kimoja kina namba, mteja anakaa chini anasema tu "nifanyie namba saba" na kazi inaanza. Sasa angalia hivyo vichwa vizuri. Vingi ni vya wanamuziki na wachezaji wa Marekani, watu ambao hawajawahi kukanyaga Kisumu, na bado kijana wa Nyalenda anachagua hapo venye ataonekana Jumapili kanisani. Kwangu mimi hiyo chati ndio kazi bora zaidi ya sanaa kuhusu utambulisho na nguvu ya media ambayo tuko nayo huku magharibi, na hakuna mtu ameipeleka kwa maonyesho. Kwa hivyo hapa naeleza venye unaweza kutengeneza yako, vichwa vyote vikiwa ni wewe, ikiwa na sauti na video ndani, kwa pesa kidogo na vitu vya kupatikana hapa hapa mjini.

Naanza na onyo moja juu naona vijana wengi wenye talanta wanaangukia hapo. Ukiambiwa ufanye kazi kuhusu media, kichwa kinakimbilia kwa picha kubwa, mtu amefungwa mnyororo wa simu, mtu ana TV mahali pa kichwa, chini imeandikwa AMKENI. Mtazamaji anaipita kwa sekunde mbili, juu haimhusu, inahusu "watu". Kazi yako itashika mtu ikionyesha mahali hasa ambapo radio ama simu imekugusa wewe, kwa mdomo, kwa nywele, kwa jina, kwa venye unasimama ukipigwa picha.

Ndio maana kifaa cha kwanza ni daftari, kamera itakuja baadaye. Tembea na daftari wiki mbili hivi na usiandike masaa umekaa kwa simu, hiyo haina maana hapa. Andika kila kitu kimetoka kwako na ukijiuliza vizuri unapata kilitoka kwa media. Ile sauti unatumia ukipigiwa na mtu wa ofisi, si ni ya mtangazaji wa habari? Ile pozi ya kuweka mkono kwa kidevu ulitoa wapi? Kwa profaili yako mbona umeacha Otieno ama Wekesa ukabaki na jina la ubatizo na herufi moja? Ile filta ya kung'arisha ngozi, ukiitoa unahisi uso ni wa nani? Andika hata vitu vidogo vya aibu aibu, hivyo ndivyo vitabeba kazi yote.

Alafu uliza nyumbani. Hapa usiharakishe kabisa, keti na mama, keti na nyanya, waache waongee. Mtu aliyekua wakati wa Voice of Kenya, shirika la utangazaji la serikali, kabla igeuzwe kuwa KBC 1989 na kabla stesheni ya kibinafsi ya KTN ianze 1990, alikuwa na stesheni moja ya TV ya taifa tu, tena kama jirani ako na TV. Muulize alitaka kufanana na nani, alishonewa nguo gani juu aliiona wapi, alipopigwa picha ya studio nani alimwambia akae hivyo na mkono kwa paja na nyuma kuna pazia limechorwa maua ama ndege. Utagundua hiyo kitu ya kuiga haikuanza na sisi wa simu, na kazi yako itaacha kulaumu kizazi kimoja. Ukiwa na ruhusa rekodi hayo mazungumzo, utayahitaji.

Sasa chagua vichwa 9. Kila kichwa ni wewe, lakini wewe aliyetoka mahali fulani, namba 1 wewe wa habari za saa moja, namba 2 wewe wa filta, namba 3 wewe wa tangazo la sabuni, namba 4 wewe wa kwaya ya kanisa kwenye YouTube, na kadhalika kulingana na daftari lako. Usiweke kichwa ambacho hakiko kwa daftari hata kama kinapendeza.

Kuna watu wawili nataka uwaangalie kabla ya kupiga picha. Mpiga picha Samuel Fosso alizaliwa Cameroon 1962, vita vya Biafra vikamkuta Nigeria akiwa mdogo, akaishia Bangui, Jamhuri ya Afrika ya Kati, na huko akafungua studio yake 1975 akiwa na miaka 13. Mchana alipiga wateja picha, filamu ikibaki kidogo alijipiga mwenyewe amevaa suruali pana na miwani kama wanamuziki wa majarida, na zingine alimtumia nyanyake Nigeria aone mjukuu ako sawa. Mwaka 2008 akafanya mfululizo ambao anajigeuza viongozi na wanaharakati Weusi kama Nkrumah, Lumumba, Angela Davis, Malcolm X, akirudia picha ambazo dunia tayari inazijua. Ukiziangalia unashtuka juu unagundua Lumumba unayemjua ni ile picha tu. Wa pili ni Cindy Sherman wa Marekani, kati ya 1977 na 1980 alijipiga picha karibu 70 akiwa kama mwanamke wa sinema, sinema zenyewe hazipo lakini unahisi ulishaziona. Wote wawili hawakutafuta mamodo. Walitumia uso mmoja na nguo za kutafuta tafuta, na huku tuko na mtumba wa Kibuye, Jumapili ukienda mapema unapata kila kitu kuanzia koti la mtangazaji mpaka wigi.

Kupiga picha yenyewe si ngumu lakini kuna vitu vya kuzingatia. Tumia kamera ya nyuma ya simu, hii ya mbele kwa simu nyingi inakuja ikiwa imewashwa kulainisha uso bila kukuuliza, na ukiishikilia karibu inapanua pua na kuvuta paji. Simu iwe kimo cha macho, iegemeze kwa kiti juu ya meza, weka alama ya chaki chini mahali unasimama ili vichwa vyote vitoke saizi moja, bila hiyo chati haitakaa chati. Mwanga wa mlangoni asubuhi ama jioni unatosha, simama umeangalia nje. Usisimame kwa ukuta mweupe kama ngozi yako ni nyeusi, kamera inapima ule weupe alafu inakuzima uso, tafuta ukuta wa bluu ama kijani ama utundike leso nyuma, alafu gusa uso kwa skrini na ushikilie mpaka mwanga ujifunge hapo. Mtu akuangalilie maana huwezi kujiona.

Kuna kichwa kimoja utataka sana kuweka na mimi nakuomba usiweke hivyo hivyo. Ni kile cha mwisho cha "mimi halisi", umevaa ngozi na shanga na manyoya, ati sasa media imeondoka na mila imebaki. Jiulize hizo shanga ulizivalia wapi mara ya mwisho. Kwa wengi wetu ni tamasha la muziki la shule ama mgeni wa serikali alikuwa anakuja, na ile namna ya kuzivaa iko pia kwa kalenda na mabango ya utalii. Hiyo nayo ni picha iliyotengenezwa, tena na watu wenye nguvu kuliko hao wanamuziki. Iweke kwa chati kama namba ingine yoyote, namba 5 ama 6, lakini isipewe kiti cha mwisho kama ndio ukweli.

Kiti cha mwisho mimi ningempa picha ya kitambulisho. Fikiria tu. Wakati wa ukoloni sheria ya kusajili wenyeji ilitungwa 1915 na baada ya Vita vya Kwanza vya Dunia ikaanza kutekelezwa, wanaume Waafrika wakalazimishwa kubeba kipande chenye alama za vidole, wengi wakikivaa shingoni kwa kikopo cha chuma kama kengele ya ng'ombe. Serikali ndio ilikuwa ya kwanza kukuambia wewe ni nani kwa karatasi, kabla ya radio yoyote kufika kijijini. Na hata leo ile picha ya ID haufanani nayo na huwezi kuikataa. Ila usiweke ID yenyewe wala namba yake kwa kazi, piga picha mpya kwa mtindo ule ule, uso kavu, hakuna kucheka, na sehemu ya namba uiache tupu.

Sasa kukata na kubandika, na hapa ndio kazi inapata roho. Msanii Wangechi Mutu alizaliwa Nairobi 1972 na jina lake lilijulikana kwa kolaji, anakata majarida ya fasheni na mengine, na mwaka 2006 alifanya mfululizo wa kazi 12 juu ya michoro ya zamani ya kidaktari ya magonjwa ya wanawake, mdomo wa modo umekaa juu ya mchoro wa uvimbe. Baadaye 2019 ndio huyo aliweka sanamu nne za shaba mbele ya jumba la makumbusho la Met kule New York, mahali palikuwa patupu tangu lijengwe. Kitu cha kujifunza kwake ni mshono. Haufichi. Unaona kabisa mdomo umetoka kwingine, na bado uso unakuangalia kama mtu mzima. Kwa hivyo usiende kwa programu ya simu ikulainishie maungio, tumia makasi na wembe, nusu ya uso iwe yako na nusu itoke kwa gazeti, na ukate mahali panapouma, sio katikati tu kama andazi.

Magazeti ya zamani yanauzwa kwa kilo, uliza wauza mitumba na maduka yanayofungia vitu, Taifa Leo, Nation, Standard, majarida ya kampuni za ndege, vijitabu vya kampeni, chukua vyote. Lakini usibandike gazeti lenyewe kama unataka kazi ikae, karatasi ya gazeti inageuka njano ikipigwa na jua, piga fotokopi kwanza. Na pale saiba uliza mashine ni ya tona, ule unga wa kuprintia, juu tona haiyeyuki ukipaka gundi ya maji, zile za wino zinavuja na uso unakuwa tope. Gundi ya bei rahisi kabisa ni uji wa unga wa ngano, unga kikombe kimoja kwa maji vikombe vinne ama vitano, koroga kwa maji baridi kwanza, pika ukikoroga mpaka iwe kama gamu, ipoe. Inashika vizuri sana kwa ukuta. Shida ni mende na panya wanaipenda, kwa hivyo chati ya kukaa miaka tumia gundi nyeupe ya mafundi wa mbao juu ya plaiwudi.

Kuna njia ingine tamu ya kuhamisha picha bila karatasi kubaki. Paka hiyo gundi nyeupe kwa plaiwudi, laza fotokopi uso chini, kandamiza, acha usiku kucha, kesho yake loanisha na usugue karatasi polepole kwa kidole mpaka itoke na tona ibaki kwa mbao. Picha inatoka imegeuka kushoto kulia, kama ina maandishi mwambie wa saiba aigeuze kabla ya kuprinti. Inatoka na makovu makovu kidogo, na kwa kazi kama hii makovu ni mazuri.

Namba na maandishi usifanye na kompyuta. Tafuta mchoraji wa mabango, wale wanaochora vibanda na milango ya kinyozi, mlipe kazi yake na jina lake liandikwe kwa kazi pamoja na lako. Mkono wake ndio umewafundisha watu wa hapa kusoma picha, hata mteja hajui lakini jicho lake linajua.

Sauti. Huku kwetu radio ndio imetuingia ndani zaidi na wasanii wa picha wanaisahau. Sikiliza matangazo ya vifo kwa stesheni ya lugha ya nyumbani jioni moja na kalamu mkononi. Mtu wa kawaida ambaye hakuwahi kutajwa popote, siku hiyo anasomwa kwa nchi nzima, mtoto wa fulani, mjukuu wa fulani, mume wa fulani, baba ya fulani wa Mombasa na fulani wa ng'ambo, aliyekuwa akifanya kazi mahali fulani. Hakuna pengine kwa media yetu mtu anaelezwa kwa marefu hivyo, na anaelezwa kwa watu wake, hakuna habari ya nywele wala simu. Chukua huo muundo uandike tangazo lako. Ila tafadhali usijitangaze umekufa, nyumbani hiyo sio mchezo na nyanya akisikia utamuumiza, na hakuna sanaa inastahili hiyo. Andika tangazo la mtu aliye hai, "familia ya fulani inawajulisha kwamba fulani yupo, anaishi Manyatta, ni mtoto wa..." alafu baada ya ukoo endelea na wale wengine waliokulea, sauti za radio, sinema, kwaya, bila kuweka tofauti. Soma kwa sauti ya mtangazaji wa matangazo, ile ya kutulia. Changanya lugha venye wewe unachanganya kweli, Kiluo, Kiluhya, Kiswahili, Kingereza, usisafishe.

Rekodi usiku ndani ya chumba chenye godoro na nguo nyingi, sauti haitarudi rudi. Simu iwe haina laini, umbali wa shibiri moja na nusu kutoka mdomo, kidogo pembeni ili pumzi isipige maiki. Rekodi pia dakika moja ya kimya cha chumba, utaitumia kuziba mapengo. Kuhariri sauti kwa kompyuta, programu ya Audacity ni ya bure na inatosha. Ukitaka mlio wa stesheni usichukue wa kweli, uimbe mwenyewe na mdomo, kwanza unaepuka shida za hakimiliki na pili inasikika wazi kwamba huo mlio sasa unaishi ndani yako, ambayo ndio maana ya kazi yote.

TV sasa. Tangu matangazo ya analogi yazimwe 2015 zile TV za zamani zenye mgongo zimejaa kwa mafundi na kwa wanunuzi wa skrapu, zingine bado ni nzima kabisa. Nunua moja uione ikiwaka. Usiifungue mwenyewe hata kama imetolewa kwa stima, ndani inaweza kushikilia umeme mkali wa kukudhuru, muachie fundi. Kucheza video yako unahitaji tu DVD ya zamani yenye tundu la flashi na zile waya tatu za njano, nyeupe na nyekundu. Faili iwe ya umbo la TV ya kale, 4 kwa 3, saizi 720 kwa 576, fremu 25 kwa sekunde ambayo ndio PAL, mfumo wa TV zetu za zamani, na iwe AVI ama MPEG juu hizo DVD nyingi hazisomi faili ya simu moja kwa moja. Kama hujui kubadilisha, jamaa wa duka la movie anayejazia watu flashi anajua, mpelekee.

Ndani ya video usijaze mambo. Vichwa 9, kila kimoja kinakuangalia bila kusema kwa muda wa pumzi chache, na chini ya hayo yote sauti ya tangazo inaendelea. Kati ya kichwa na kichwa weka chenga za TV kidogo. Inatosha kabisa. Kama uko na hamu ya kuongeza kitu, ongeza kile msanii wa video Nam June Paik alifanya 1974, aliketisha sanamu ya Buddha mbele ya TV na kamera ikamrudishia sura yake mwenyewe, anajitazama bila kuisha. Kamera ya CCTV ya analogi inayotoa CVBS, ile video ya waya mmoja, inaingia moja kwa moja kwa tundu la njano ukipata kichwa cha kubadilisha, hakuna kompyuta inahitajika, na mtu anayepita anajikuta ndani ya TV akiwa namba 10.

Wapi pa kuonyesha? Kinyozi. Kuna kumbi, kuna Makumbusho ya Kisumu, na uende huko pia baadaye uombe nafasi kwa barua na picha nzuri, lakini kwanza kinyozi, juu hapo mtu anaketi nusu saa mbele ya kioo na hawezi kutoka, hakuna ukumbi utakupa mtazamaji kama huyo. Ongea na mwenyewe kwa heshima, mwambie ni kazi gani, chagua siku za katikati ya wiki usimharibie Jumamosi, changia stima. Chati iwe ukutani mahali ile ingine hukaa, TV iwe nyuma ya mteja aione kupitia kioo, kwa hivyo geuza video kushoto kulia kama kuna maandishi. Mashine ya kunyoa ina kelele, ukiweka sauti chini sana tangazo halitasikika, peleka spika ndogo karibu na kiti. Stima ikipotea chati bado inafanya kazi peke yake, ndio uzuri wake.

Usisimame hapo kuelezea watu. Mpe kinyozi daftari, kila mteja aulizwe swali moja tu, "wewe ungenyolewa namba gani?" na aandike namba na sababu kama imesemwa, bila jina la mtu. Wengine watasema hakuna hata moja, na hao ndio utataka kusikia sababu yao. Kama unapiga wateja picha ama video omba ruhusa kwanza, kuna Sheria ya Kulinda Data ya 2019, na mtoto ni mpaka mzazi akubali, na hata bila sheria mtu akiwa amefunikwa kile kitambaa na povu shingoni hajajiandaa kuonwa na dunia.

Ukitaka kutoa video nje usiku, upande wa Dunga ama uwanja wa kanisa, shuka jeupe na projekta ya kukodisha vinatosha, iweke nyuma ya shuka watu wasikatize mwanga, na ungoje mpaka saa moja na nusu giza liingie. Karibu na ziwa wadudu watajaa kwa mwanga, weka taa ingine mbali kidogo uwavute huko.

Ukimaliza rudisha picha za nyanya zote kwake, piga kopi za faili zako mbili zikae nyumba tofauti, na karibu na kazi andika majina ya wote, wewe, mchoraji wa mabango, waliotoa sauti, kinyozi mwenyewe. Chati ya asili ichukue uihifadhi, lakini piga fotokopi yake kubwa, itie plastiki, umwachie kinyozi ukutani kama anaitaka. Akitokea mteja anayetaka kunyolewa namba 6, anyolewe, na umuombe kinyozi akupigie simu uje uone.